Nyumba za njiwa Malindi: kusafisha bila kulowesha

Makinda wa njiwa wakianza kufa ndani ya sanduku, wengi hukimbilia ndoo ya maji na sabuni. Mbao huoshwa hadi ziking'aa, hurudishwa zingali na majimaji, na baada ya wiki mbili hali huwa mbaya kuliko mwanzo. Kinyesi kikavu kinaudhi macho, lakini njiwa huweza kuishi nacho siku kadhaa bila kudhurika sana. Cha kuogopa ni kinyesi kilicholowa.

Sababu ni hii. Ugonjwa wa kuhara uitwao koksidiosisi huletwa na vijidudu ambavyo mayai yake hutoka na kinyesi yakiwa bado hayawezi kuambukiza. Yakipata joto na unyevu huiva kwa muda wa siku moja au mbili, na njiwa akiyadonoa pamoja na nafaka huugua. Yasipopata unyevu hayaivi. Malindi joto lipo mwaka mzima na hewa ya bahari ina maji ndani yake hata siku isiyo na mvua, kwa hiyo kilichobaki mikononi mwa mfugaji ni kuhakikisha kinyesi hakilali mahali pabichi. Maelezo yote yanayofuata yamejengwa juu ya jambo hilo. Ni kwa ajili ya njiwa manga, hawa wa kufugwa, wanaokaa kwenye masanduku yaliyotundikwa ukutani au kusimamishwa juu ya nguzo uani.

Ratiba ni ya njiwa

Usafi wa ndani hupangwa kwa kufuata jozi iliyomo. Mwenye kusafisha kila Jumamosi bila kuangalia atakuta siku moja amefukuza jike juu ya mayai, na jike akishtuliwa mara mbili tatu huweza kuyaacha kabisa.

Jike hutaga mayai mawili. La kwanza hutoka jioni, la pili mchana wa siku ya tatu, na kuatamia kwa dhati huanza hapo. Huchukua siku 17 au 18 tangu yai la pili. Dume hukaa juu ya mayai kuanzia asubuhi kama saa nne hadi saa kumi jioni, jike huchukua muda uliobaki na usiku kucha. Makinda wakitoka, wazazi huwalisha kitu laini mfano wa jibini kinachotengenezwa ndani ya mfuko wa koo, na huwafunika kwa mwili karibu muda wote kwa siku saba hadi kumi. Tangu yai la kwanza hadi kinda afike siku kumi, usiguse kiota. Kama ni lazima usafishe sanduku la jirani, fanya hivyo saa nne hadi saa tano asubuhi, zamu ikishabadilika, na ufanye kimya.

Makinda wakifika siku kumi wameshaanza kuota vijimanyoya, wanaweza kuinuliwa, na huo ndio wakati wa kubadilisha matandiko. Wanapofika wiki mbili au tatu, jike huanza tena kutafuta pa kutaga, hali wa kwanza bado wamo ndani. Ndiyo maana kila jozi yataka viota viwili vilivyotenganishwa kwa ubao. Wakiwa na kimoja tu, mayai mapya hutagwa katikati ya makinda wakubwa, hukanyagwa na kupakwa mavi, na mara nyingi huharibika. Makinda huruka wakiwa na wiki nne hadi tano. Kiota walichotoka hapo kinakuwa tupu na unaweza kukivunja chote.

Andika tarehe ya yai la pili kwa penseli kwenye ukingo wa sanduku. Ni kazi ya nusu dakika na huondoa kubahatisha kote.

Vifaa

Mwiko mdogo wa mwashi au kisu cha kukwangulia rangi. Fagio la chelewa na brashi ngumu ya kufulia. Chupa ya kunyunyizia. Debe lenye mfuniko la kutilia uchafu. Barakoa inayobana pua vizuri na glavu. Uwe pia na mikungu ya udongo ya akiba, yaani vibakuli vya kutilia kiota, angalau mmoja kwa kila jozi, ili mmoja ukiwa juani mwingine uwe kazini.

Barakoa si ya kupuuza. Vumbi la njiwa, likivutwa kwa miaka, huleta ugonjwa wa mapafu unaojulikana kwa wafugaji wa njiwa dunia nzima, na kinyesi kikuukuu huwa na kuvu wanaoweza kumdhuru mtu ambaye mwili wake umedhoofika. Mwenye pumu na watoto wakae mbali siku ya kukwangua. Rundo likiwa nene na kavu, lipulizie maji kidogo kwa chupa ili vumbi lisiruke, ngoja dakika tano, kisha kwangua. Unyevu huo mdogo utaondoka pamoja na uchafu wenyewe. Kumwaga maji ni jambo jingine kabisa.

Ya kila siku

Ni kidogo. Mwaga maji ya jana, sugua chombo kwa brashi, tia mapya. Chombo chenye utelezi ndani hupitisha ugonjwa wa koo, ule wa uchafu wa njano kama jibini unaoziba mdomo na kumfanya ndege ashindwe kumeza. Njiwa wazima hubeba vijidudu vyake bila kuonyesha dalili, na makinda huvipata wakilishwa. Kwangua kizingiti cha mbele na vijiti vya kulalia. Toa nafaka iliyolowa, kwa sababu mahindi yenye ukungu huua polepole na watu husingizia ugonjwa mwingine.

Usiache maji yaliyotuama uani, hata kwenye kifuu. Ndui ya njiwa, ile ya vipele machoni na mdomoni, huletwa na mbu.

Kubadilisha kiota makinda wakiwa ndani

Utaona kwamba makinda hurudi nyuma hadi ukingoni na kunya nje ya mkungu, mpaka kinyesi kinajenga duara gumu kama saruji. Wafugaji wapya hulibomoa kila wanapoliona. Liache hadi siku ya kumi, maana ndilo linalozuia mayai na vichanga wasiporomoke, nalo huwa kavu. Siku ya kumi ikifika, chagua asubuhi ya jua.

Andaa kwanza mkungu safi wenye upana wa sentimita 20 hadi 23 na kina cha sentimita 6 au 7. Tia ndani kifundo cha majani makavu ya mvinje, yale membamba kama sindano, unene wa vidole viwili, na juu yake vijiti au vipande vya chelewa vya sentimita 10 hadi 15. Mvinje ni matandiko mazuri kuliko yote yapatikanayo hapa: hayashiki maji, hayavundi upesi, na miguu ya kinda hupata pa kung'ang'ania. Sakafu ya utelezi, kama karatasi ya nailoni au gazeti tupu, huwafanya wapanuke miguu wasisimame tena maishani. Nyuzi, nywele na vipande vya wavu wa kuvulia samaki ondoa kila uvionapo. Njiwa huvipenda kujengea, na huwafunga makinda miguu hadi vidole vikakatika.

Mchanga wa pwani usitumie. Una chumvi, chumvi huvuta unyevu wa hewani, na matandiko yatakuwa mabichi hata kabla ya kinyesi. Ukitaka mchanga, chukua wa mtoni, uchekeche, uanike siku mbili.

Watie makinda wote wawili pamoja ndani ya kitunga na uwafunike kwa kitambaa chepesi. Toa mkungu mchafu, kwangua ubao wa chini hadi pembeni, nyunyiza jivu la kuni lililopoa, kiasi cha kiganja kimoja, kisha lifagie lote isipokuwa vumbi jembamba. Jivu hunyonya ubichi, ila likibaki jingi na kulowa hubabua ngozi, kwa hiyo lisiingie ndani ya mkungu. Weka mkungu mpya mahali palepale pa zamani, wazazi hutambua mahali kuliko kitu. Warudishe makinda. Kazi yote isizidi dakika kumi, na wazazi huwa wamerudi kabla hujanawa mikono.

Kuna faida nyingine ya ratiba hii. Inzi wa njiwa, yule bapa anayekimbia chini ya manyoya na kunyonya damu, huzalia katika uchafu wa kiota, na buu wake hukaa ndani ya gamba jeusi linalong'aa, mfano wa mbegu ndogo, kwa muda wa wiki tatu hadi nne kabla ya kutoka. Matandiko yakiondolewa makinda wakiwa na siku kumi na tena wakisharuka, magamba mengi hutoka nayo kabla hayajapasuka. Yachome moto. Ukiyatupa nyuma ya ukuta, inzi watarejea wenyewe.

Usafi mkubwa, mara mbili kwa mwaka

Wa kwanza ufanye mwishoni mwa Februari au mwanzo wa Machi, kaskazi ikiwa bado inakausha, kabla ya masika ya Aprili na mvua nzito za Mei. Wa pili uwe Agosti au Septemba, mvua zikishapita na kabla ya vuli. Katikati ya masika usioshe kitu. Kwangua tu, tia jivu, fagia, ngoja.

Tenganisha jozi wiki tatu kabla, au toa mayai mapya mara yanapotagwa, ili siku ya kazi sanduku liwe tupu. Anza saa mbili asubuhi. Toa vyote vinavyotoka, kwangua hadi mbao zionekane, piga brashi kavu. Hapo sasa ndipo maji yanaporuhusiwa: maji ya kuchemka kwenye nyufa, brashi na sabuni kidogo kwenye mbao, suuza. Ukitaka kutia dawa ya kung'arishia nguo kama Jik, changanya sehemu moja ya dawa kwa sehemu tisa za maji, paka, acha dakika kumi, suuza. Usiitie juu ya kinyesi. Kwanza haifanyi kazi, kwa sababu uchafu huila nguvu. Pili, ikikutana na kinyesi kingi hutoa hewa inayochoma kifua. Na kamwe isichanganywe na siki wala ndimu.

Saa nne hadi tano asubuhi kila kitu kiwe juani, milango wazi, mbao zimesimamishwa. Usirudishe mpaka zikauke hadi ndani. Namna ya kujua: bandika kiganja kwenye ubao kwa dakika moja, ukihisi ubaridi, bado kuna maji. Siku moja ya jua la kaskazi hutosha mbao za inchi moja. Plaiwudi hutaka siku mbili, na hata hivyo hututumka. Ndiyo sababu haifai kwa sakafu ya sanduku.

Kisha chokaa. Tumia chokaa iliyozimwa, kilo moja kwa lita mbili za maji, koroga, iache usiku mmoja, ichuje kwa kitambaa. Paka ndani mara mbili, nyembamba, ukingoja siku nzima kati ya mkono na mkono. Wako mafundi wanaotia chumvi ili chokaa ishike. Kwa nyumba ya njiwa ya pwani usikubali, kwa sababu ileile ya mchanga. Chokaa huchoma macho, kwa hiyo ukipaka juu ya kichwa vaa miwani. Weupe wake una faida kubwa kuliko urembo: kila mdudu na kila doa la damu huonekana.

Utitiri na papasi

Hawa ndio wanaohamisha njiwa usiku. Utitiri mwekundu mchana hujificha kwenye nyufa, chini ya vijiti vya kulalia na kwenye maungio ya mbao, kisha usiku hutoka kunyonya. Ukimkagua njiwa mchana hutamwona hata mmoja. Dalili ni makinda waliopauka mdomo, wazazi wanaokataa kulala ndani, na vumbi la kijivu kama majivu ya sigara kwenye maungio. Pitisha ncha ya kisu ndani ya ufa. Ikitoka na damu, wamo. Au kunja karatasi nyeupe, iweke chini ya kijiti jioni, ifungue alfajiri.

Katika joto letu utitiri hukamilisha kizazi tangu yai hadi mkubwa kwa kama wiki moja. Hapo ndipo wengi wanapokosea: husafisha mara moja, hufurahi siku tano, kisha wanaona wamerudi. Hawakurudi, ni mayai yaliyobaki ndani ya nyufa. Rudia kila kitu siku ya saba, na tena siku ya kumi na nne. Maji ya kuchemka yaingie ndani ya ufa hasa, kisha jua, kisha ziba ufa kwa gundi ya mbao iliyochanganywa na unga wa msumeno. Ufa uliozibwa ni dawa kuliko dawa. Kuacha sanduku tupu mwezi mmoja hakusaidii, utitiri huweza kukaa miezi mingi bila kula.

Papasi ni wakubwa zaidi, bapa, rangi ya kahawia, na hukaa kwenye nyufa za ukuta wa mawe au wa udongo nyuma ya sanduku. Huvumilia njaa zaidi ya mwaka. Ukiwakuta, kuosha sanduku peke yake ni kupoteza siku: ling'oe, piga ukuta lipu au chokaa nzito, na ulirudishe likiwa na nafasi ya sentimita 3 kati yake na ukuta.

Ukihitaji dawa ya duka, chukua ya unga yenye permetrini iliyoandikwa kwenye kopo kwamba ni ya kuku au ndege, ufuate kipimo kilichoandikwa, utie kwenye nyufa na chini ya matandiko. Dawa ya kuogeshea ng'ombe isikaribie njiwa. Majani makavu ya mwarobaini chini ya mkungu hayana ubaya na wengi huyatumia, lakini hayachukui nafasi ya kisu na maji ya kuchemka.

Mbao, parafujo na chumvi

Sanduku la jozi moja liwe na upana wa sentimita 60, kina 40 na kimo 40, na ubao wa kati wenye kimo cha sentimita 20 kutenga viota viwili. Mlango wa kuingilia upana 10, kimo 15. Sehemu muhimu kuliko zote kwa msafishaji ni sakafu ya kuvuta kama droo. Sanduku lisilo na sakafu ya kutoka halisafishwi vizuri, hata uwe na bidii gani.

Paa literemke na lichomoze mbele sentimita 10. Usielekeze mlango baharini. Kusi hupuliza kutoka kusini na kusini mashariki, na mvua ya masika huingia nayo ndani moja kwa moja. Uelekeze upande wa bara, kaskazini magharibi, kisha tafuta kivuli cha jioni, cha mwarobaini au makuti, maana jua la alasiri chini ya bati tupu hukausha makinda.

Misumari ya kawaida huoza kwa muda mfupi katika nyumba zilizo karibu na ufuo, na kutu hupanua tundu hadi ubao ukapasuka, ukapata nyumba mpya ya utitiri. Tumia parafujo za shaba au zilizopakwa zinki. Bawaba za chuma badilisha kwa kipande cha mpira wa tairi kilichopigwa parafujo nne. Hudumu na hakipigi kelele. Kila usafi mkubwa kaza parafujo zote, gonga mbao kwa kishikio cha kisu, na ubao utakaosikika mtupu ufungue: mchwa wamo. Oili chafu ya gari ipakwe kwenye sehemu ya nguzo iliyo ardhini tu. Rangi ni kwa nje peke yake.

Wezi wa mayai

Kunguru wa Bara Hindi ndiye wa kwanza. Husimama kwenye kizingiti na kuchukua yai kwa mdomo. Fanya kizingiti kiwe kifupi, sentimita 8, na viota viwe pembeni ambako hakuoni wala hafiki akiwa mlangoni. Nafaka isimwagwe nje ya saa za kulisha. Mwaka 2024 Shirika la Huduma kwa Wanyamapori lilitangaza mpango wa kuwapunguza kunguru milioni moja, kwa sumu inayowekwa na watu waliopewa ruhusa. Wewe usitege sumu yako uani, kwa kuwa njiwa wako ndio watakaoila.

Panya, kanu na nyoka hupanda usiku. Nguzo ya mita 2.5 iliyovishwa bati laini la kimo cha sentimita 60, kuanzia mita moja juu ya ardhi, huwazuia wengi, mradi hakuna tawi wala ukuta wa kurukia karibu. Ukikuta nyuki wameingia sanduku tupu, usiwafukize. Mwite mrina asali.

Mavi yaliyokwanguliwa

Ni mbolea kali. Mbichi huunguza mchicha ukaona majani yamekauka kingo. Yachanganye na majani makavu mara tatu ya wingi wake, funika, pindua kila wiki mbili, na utumie baada ya miezi mitatu. Lundo likae mbali na kisima, na masanduku yasitundikwe juu ya paa linalokingia maji ya kunywa. Mavi ya njiwa waliokuwa wakipinda shingo au kuzunguka kama walevi yasiingie humo hata kidogo. Hizo ni dalili zinazofanana na za kideri: yachome pamoja na matandiko, watenge wagonjwa, na umwite daktari wa mifugo kabla hujamhamisha njiwa yeyote kwenda nyumba nyingine.